Sinema bubu za India na visa vya kale: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kwa wengi wetu tuliokulia karibu na ukumbi wa sinema au televisheni ya jirani, picha ya Kihindi ni nyimbo, ngoma na machozi. Majibu yaliyo hapa chini yanahusu picha za mwanzo kabisa, zilizotengenezwa kabla wimbo haujaweza kurekodiwa pamoja na picha, ambazo nyingi zilisimulia habari za miungu, wafalme na waja wema wa India ya kale.

Sinema bubu za India zilianza lini na zikaisha lini?

Watu wa Bombay waliona picha zinazotembea kwa mara ya kwanza tarehe 7 Julai 1896, wakati filamu fupifupi za ndugu Lumière wa Ufaransa zilipoonyeshwa katika hoteli ya Watson. Kwa zaidi ya miaka 15 iliyofuata, Wahindi wachache waliokuwa na kamera walipiga picha za mieleka, za mapokezi ya wakubwa na za vipande vya michezo ya jukwaani. Filamu ndefu ya kwanza yenye hadithi iliyopangwa kwa ajili ya kamera, Raja Harishchandra ya Dadasaheb Phalke, ilitoka mwaka 1913. Tarehe 14 Machi 1931 ikatolewa Alam Ara, filamu ya kwanza ya India yenye mazungumzo, na baada ya miaka michache ya kwenda sambamba, zile bubu zikaachwa kabisa. Katika miongo hiyo miwili zilitengenezwa filamu bubu zaidi ya 1,300.

Visa vyenyewe vilitoka wapi?

Vingi vilitoka katika tenzi mbili kubwa za Kisanskriti, Ramayana na Mahabharata, na katika Purana, yaani mikusanyo ya masimulizi ya miungu na nasaba za wafalme. Vingine vilihusu watakatifu wa karne za baadaye waliopendwa na watu wa kawaida. Ni vyema kukumbuka kwamba kwa Wahindu hivi si visa vya kupitishia jioni tu. Ni sehemu ya ibada, na wahusika wake huabudiwa majumbani na hekaluni hadi leo.

Kwa nini watengenezaji wa kwanza walichagua visa vya kale badala ya maisha ya siku zao?

Jibu la kawaida ni dini, na ni jibu la kweli, lakini halitoshi. Tuwaze hali halisi ya ukumbi wa mwaka 1913 au 1917. Picha haisemi. Maelezo huandikwa kwenye vibao vinavyotokea katikati ya picha, wakati mwingine kwa lugha mbili, tatu au nne kwenye kibao kimoja, na bado watu wengi waliokaa mle ndani hawajui kusoma hata moja kati ya hizo. Nchi yenyewe ina lugha nyingi kiasi kwamba filamu iliyotengenezwa Nashik, magharibi mwa nchi, ingefika Madras, kusini, kama mgeni asiyeelewa salamu. Sasa mwonyeshe mtu huyo mwanamume mwenye taji na upinde, mke wake na mdogo wake wakiwa nyuma yake wakielekea porini. Hahitaji kibao. Hata mkulima asiyejua kusoma anajua kwamba huyo ni Rama na kwamba anakwenda uhamishoni miaka 14, na maneno ambayo picha imeshindwa kuyasema tayari anayo kichwani, aliyasikia kwa bibi yake.

Kwa maoni yangu hii ndiyo sababu iliyo nzito kuliko zote. Kisa kilichojulikana na wote kiliipa picha bubu sauti yake, na kikaifanya ivuke mipaka ya lugha ambayo hata filamu zenye mazungumzo zilikuja kushindwa kuivuka kwa urahisi.

Palikuwa pia na sababu ya taifa. Miaka hiyo ndiyo iliyokuwa ya vuguvugu la swadeshi, yaani wito wa kutumia bidhaa zilizotengenezwa nchini na kususia za Uingereza. Kumbi zilijaa filamu za Ulaya na Marekani. Kutengeneza filamu kwa mikono ya Wahindi, kwa fedha za Wahindi, kuhusu mashujaa wa Wahindi, kulikuwa ni kuuitikia wito huo.

Dadasaheb Phalke alikuwa nani?

Jina lake kamili ni Dhundiraj Govind Phalke. Alizaliwa tarehe 30 Aprili 1870 huko Trimbak, mji wa mahujaji karibu na Nashik, katika familia ya Kibrahmani. Alisoma sanaa katika chuo cha J. J. mjini Bombay na baadaye Kala Bhavan mjini Baroda, akajifunza upigaji picha, uchapaji na hata kiinimacho. Kwa muda alifanya kazi ya kuandaa vibao vya kuchapia picha za mchoraji Raja Ravi Varma, ambazo zilikuwa zimetundikwa katika nyumba nyingi za India zikionyesha miungu yenye sura za watu tunaoweza kukutana nao njiani. Anayezitazama filamu za Phalke ataona kwamba wahusika wake wamesimama, wamevaa na wamejipamba kama katika picha hizo.

Mwaka 1910 au 1911, mjini Bombay, aliangalia filamu ya kigeni kuhusu maisha ya Yesu Kristo. Baadaye aliandika mwenyewe kwamba wakati picha ile ikipita mbele ya macho yake, akilini alikuwa akimwona Krishna, akimwona Rama, na akijiuliza kama wana wa India wangeweza lini kuwaona wa kwao kwenye kiwambo. Kuanzia hapo hakutulia. Alitazama filamu na kufanya majaribio usiku na mchana hata akapoteza uwezo wa kuona kwa muda, akatibiwa, akaendelea. Mapema mwaka 1912 alisafiri kwenda London, akanunua kamera ya Williamson, akajifunza kwa majuma machache na kurudi. Ili kuwashawishi watu wamkopeshe, alipiga filamu fupi inayoonyesha mbegu ya njegere ikichipua na kukua, kwa kuunganisha picha zilizopigwa siku baada ya siku. Mche ule mdogo ndio uliompatia mtaji.

Filamu ya Raja Harishchandra inasimulia nini?

Inamhusu mfalme Harishchandra wa Ayodhya, ambaye hakuwahi kusema uongo wala kuvunja ahadi. Mhenga Vishwamitra anamtia majaribuni. Mfalme anatoa ufalme wake wote, na bado anadaiwa sadaka ya ziada. Anakwenda Kashi, ambayo ndiyo Varanasi ya leo, na huko anamuuza mkewe Taramati na mwanawe, kisha anajiuza mwenyewe kuwa mtumwa kwenye uwanja wa kuchomea maiti. Kazi yake ni kutoza ada kwa kila anayeleta maiti. Usiku mmoja Taramati anafika amebeba maiti ya mtoto wao na hana kitu cha kulipa, na mume wake anaitaka ada, kwa kuwa uwanja si wake na neno alilompa bwana wake ni neno. Mwishoni, katika filamu ya Phalke, mfalme anaamriwa kumkata kichwa mkewe mwenyewe kwa kosa ambalo hakulitenda. Anainua upanga. Hapo ndipo mungu Shiva anapotokea, mtoto anafufuliwa, na inadhihirika kwamba yote yalikuwa mtihani.

Msomaji aliyelelewa na kisa cha Nabii Ayubu ataona undugu baina ya watu hawa wawili, ingawa tofauti yao nayo ni kubwa: Ayubu alinyang'anywa, Harishchandra alitoa mwenyewe, hatua kwa hatua, akijua anachokitoa.

Filamu hiyo ilitengenezwa vipi, na nani alisaidia?

Ilitengenezwa nyumbani. Phalke alikuwa akiishi Dadar, Bombay, na nyumba ya familia iligeuka kuwa karakana, jiko, ghala la mavazi na chumba cha giza. Kazi ilichukua miezi sita na siku 27.

Mtu ambaye hatajwi vya kutosha ni mke wake, Saraswatibai. Alitoa vito vyake vya dhahabu viwekwe rehani ili mumewe apate fedha. Filamu mbichi iliyoletwa kutoka nje ilikuwa haijatobolewa matundu ya pembeni yanayoshikwa na meno ya kamera, na kazi hiyo ya kutoboa ililazimu kufanywa gizani, kwa mkono, futi baada ya futi, kwa sababu mwanga ukiingia mkanda wote umeharibika. Saraswatibai alijifunza kuifanya. Alijifunza pia kuchanganya dawa za kusafishia picha, alishika vitambaa vyeupe juani ili kuwaelekezea waigizaji mwanga, na baada ya hayo aliwapikia chakula watu wote wa kazi, waliokuwa kadhaa wa kadhaa, akawafulia na nguo. Tunamwita Phalke baba wa sinema ya India. Haki inadai tuseme kwamba sinema hiyo ilikuwa na mama pia, na mikono yake ilinuka dawa na vitunguu kwa pamoja.

Dattatraya Damodar Dabke alicheza nafasi ya mfalme, na mtoto wa mfalme alikuwa Bhalchandra, mwana wa Phalke mwenyewe. Waigizaji waliokuwa wakiona aibu kusema wanafanya kazi ya sinema waliambiwa wawaeleze watu kwamba wanafanya kazi katika kiwanda cha Harishchandra.

Je, ni kweli kwamba wanawake waliigizwa na wanaume?

Ndiyo. Phalke alitafuta waigizaji wa kike kila mahali, hadi kwa wanawake wa madanguro, na hakupata aliyekubali na kudumu, kwa sababu kujionyesha mbele ya kamera kulihesabiwa kuwa fedheha. Mwishowe alimwona kijana mwembamba mwenye vidole laini akifanya kazi jikoni katika mgahawa mmoja. Jina lake lilikuwa Anna Salunke, na ndiye aliyekuwa Taramati. Kunyoa masharubu ilikuwa mtihani mwingine, maana kwa desturi ya Wahindu wengi mwanamume aliyanyoa baba yake anapofariki, na ilibidi watu wabembelezwe sana.

Miaka minne baadaye, katika Lanka Dahan ya mwaka 1917, Salunke huyohuyo alicheza nafasi ya Rama na ya mkewe Sita katika filamu moja. Hata hivyo, wanawake hawakukosekana muda mrefu. Mwaka huohuo wa 1913, katika filamu ya pili ya Phalke iitwayo Mohini Bhasmasur, Durgabai Kamat alicheza nafasi ya mungu wa kike Parvati na binti yake Kamlabai akawa Mohini. Wote wawili walitoka katika michezo ya jukwaani, na ndio wanawake wa kwanza katika filamu za India.

Je, Raja Harishchandra ndiyo filamu ya kwanza ya India?

Inategemea unahesabu nini. Tarehe 18 Mei 1912, karibu mwaka mzima kabla, ukumbi wa Coronation wa Bombay ulionyesha Shree Pundalik ya Dadasaheb Torne, inayohusu mtakatifu wa Maharashtra. Filamu hiyo ilikuwa mchezo wa jukwaani uliopigwa picha kama ulivyo, mpiga picha wake alikuwa Mwingereza, na mkanda ulisafishwa London. Kwa sababu hizo wanahistoria wengi humpa Phalke nafasi ya kwanza, nami naona wana haki, mradi jina la Torne lisifutwe.

Watazamaji walizipokeaje filamu hizi?

Raja Harishchandra ilionyeshwa kwanza kwa waalikwa tarehe 21 Aprili 1913 katika ukumbi wa Olympia, na kwa umma tarehe 3 Mei katika ukumbi uleule wa Coronation, ikisindikizwa na ngoma, vichekesho na mwanasarakasi. Ilikuwa na urefu wa futi zipatazo 3,700, na ilidumu zaidi ya majuma matatu, wakati filamu nyingi za siku hizo zilibadilishwa baada ya siku chache. Inasimuliwa kwamba ilipopelekwa Surat, siku ya kwanza ilikusanya rupia tatu tu, kwa kuwa watu wa huko walizoea kukesha kwenye michezo ya jukwaani kwa bei hiyohiyo na waliona saa moja na nusu ni wizi. Phalke akatangaza onyesho la picha 57,000, lenye urefu wa maili mbili, kwa ana tatu tu, sarafu ndogo za siku hizo. Ukumbi ukajaa.

Lanka Dahan ndiyo iliyovunja kila kipimo. Hanuman, mungu mwenye umbo la nyani, anauteketeza mji wa Lanka kwa mkia wake unaowaka moto, na watu walikuja kutoka vijijini kwa mikokoteni kuona jambo hilo. Habari za wakati huo zinasimulia watazamaji waliovua viatu au kusujudu Rama alipotokea kwenye kiwambo, na sarafu zilizojazwa magunia na kusafirishwa kwa gari la ng'ombe zikilindwa. Si ajabu hata kidogo. Kwao ilikuwa ni kumwona mungu kwa macho, kile Wahindu wanachokiita darshan, na darshan hutafutwa kwa safari ndefu hata pasipokuwa na sinema.

Miujiza ilionyeshwaje bila vifaa vya kisasa?

Kwa kamera na subira. Mtu aliyetakiwa kutoweka aliondoka mbele ya kamera iliyosimamishwa, kisha kamera ikawashwa tena. Mungu aliyetakiwa kutokea hewani alipigwa picha mara ya pili juu ya mkanda uleule. Katika Shree Krishna Janma ya mwaka 1918, mfalme dhalimu Kamsa anaota kichwa chake kikiachana na shingo, kikipaa na kurudi, na hofu iliyo usoni mwake ndiyo inayoifanya hila hiyo iaminike. Mafunzo ya kiinimacho aliyoyapata Phalke ujanani hayakupotea.

Je, walikuwepo wengine nje ya Bombay na Nashik?

Walikuwepo, na baadhi yao walikuwa mafundi wakubwa. Kusini, Nataraja Mudaliar wa Madras, mfanyabiashara wa vipuri vya magari, alitengeneza Keechaka Vadham, ambayo huhesabiwa kuwa filamu ndefu ya kwanza ya India ya kusini. Calcutta ilitawaliwa na kampuni ya familia ya Madan, iliyomiliki pia kumbi nyingi, na ambayo mwaka 1919 ilitoa Bilwamangal. Huko Kolhapur, Baburao Painter, mchoraji wa mapazia ya jukwaani aliyeunda kamera yake mwenyewe, alitoa Sairandhri mwaka 1920, naye aliwatumia wanawake katika nafasi za wanawake.

Himansu Rai alichukua njia nyingine, akashirikiana na makampuni ya Ujerumani, kwanza Emelka ya Munich, na mwongozaji Mjerumani Franz Osten. Mwaka 1925 walitoa Prem Sanyas, inayohusu maisha ya Buddha, na mwaka 1929 Prapancha Pash, iliyotokana na kisa cha mchezo wa dadu katika Mahabharata. Zilipigwa nchini India, katika majumba ya kifalme ya kweli, na zilisifiwa zaidi Ulaya kuliko nyumbani.

Serikali ya kikoloni ilizichukuliaje?

Sheria ya sinema ya mwaka 1918 iliweka utaratibu wa ukaguzi, na bodi zikaanza kazi mwaka 1920 katika Bombay, Calcutta, Madras na Rangoon. Mwanzoni visa vya dini vilionekana havina madhara, lakini watu walijua kusoma kilichofichwa. Kisa cha Keechaka, mnyanyasaji katika Mahabharata anayemwandama Draupadi na kuuawa na Bhima, mmoja wa waume zake, kilikuwa tayari na historia: mchezo wa jukwaani wa Kimarathi uliotokana nacho ulipigwa marufuku kwa kuwa watazamaji walimwona Lord Curzon, gavana mkuu wa zamani, ndani ya Keechaka. Painter alipokitumia kisa hichohicho katika Sairandhri, tukio la mauaji lilikatwa kwa ukali wake.

Mwaka uliofuata, kampuni ya Kohinoor ilitoa Bhakta Vidur. Vidur ni mshauri mwadilifu katika Mahabharata, na Dwarkadas Sampat aliyemwigiza alivaa kofia na kitambaa cha khadi, yaani pamba iliyosokotwa na kufumwa kwa mkono, hata kila mtu akamwona Gandhi. Filamu ilipigwa marufuku Madras na katika eneo la Sindh.

Kwa nini zilipungua?

Kufikia katikati ya miaka ya 1920 watazamaji wa mijini walitaka pia mapenzi, mapigano na maisha ya kisasa, na makampuni yakawafuata. Phalke, ambaye aliwahi kugombana na washirika wake wa kampuni ya filamu ya Hindustan na kujitenga Varanasi kwa muda, alitoa filamu yake ya mwisho mwaka 1937, hiyo ikiwa na sauti. Alifariki Nashik tarehe 16 Februari 1944, akiwa hana mali. Visa vyenyewe havikufa: filamu ya kwanza ya Kimarathi yenye mazungumzo, mwaka 1932, ilikuwa tena ya Harishchandra.

Ni ngapi zimebaki?

Chache mno, na nyingi kati ya hizo ni vipande. Mikanda ya nitrati huoza na huwaka upesi, na ilikuwa pia ikiuzwa ili madini ya fedha yaliyomo yachujwe. Hifadhi ya taifa ya filamu mjini Pune ilianzishwa mwaka 1964, nusu karne baada ya Phalke kuanza, na mwaka 2003 moto uliteketeza mikanda mingi ya nitrati katika mji huohuo. Habari njema huja mojamoja: kipande cha Bilwamangal kilipatikana Ufaransa na nakala yake ikarudi India mwaka 2016. Kuhusu Raja Harishchandra, uliopo ni mkanda wa kwanza na wa mwisho kati ya minne, na wataalamu hawajaafikiana kama ni ya mwaka 1913 au ile aliyoipiga upya Phalke mwaka 1917.

Anayetaka kuanza kutazama aanze na ipi?

Prapancha Pash ndiyo rahisi zaidi kwa jicho la leo, kwa kuwa imekarabatiwa Uingereza na kuwekewa muziki mpya. Lakini ningemsihi aanze na Kaliya Mardan ya Phalke, ya mwaka 1919, ambayo sehemu yake kubwa ipo. Krishna mtoto anaigizwa na Mandakini, binti wa Phalke, aliyekuwa na umri wa miaka kama saba. Kabla ya hadithi kuanza, kamera inamsogelea na uso wake unajaza kiwambo. Hajavaa taji bado. Anacheka, anakasirika, anashangaa, moja baada ya jingine, kama mtoto anayemwonyesha baba yake anachokiweza. Kisha picha inayeyuka, na mahali pa msichana yule amesimama Krishna.